Waliokatwa Hushuka kwa Lifti

Harun, mlinzi wa zamu katika hoteli moja ya Doha, alikuwa akipuliza chai yake ya karak lifti ilipofunguka na kumtoa padri wa Kiswidi aliyevaa koti la theluji.

"Umekatwa?" Harun akamuuliza.

"Sehemu ya tatu."

"Pole sana, padri." Akamshauri alivue koti, maana huko nje ilikuwa Julai.

Hakuna aliyeshangaa. Juu aliishi Agneta, Mswidi aliyeandikia televisheni ya kwao tangu usichana: tamthilia za polisi, kisha filamu, kisha tuzo, na mwaka huo wa 2013 Doha ikamwita aiandikie filamu. Kila mhusika aliyemfuta kwenye hadithi zake alishuka kwa lifti, akaenda zake kutafuta chumba mtaa wa Najma. Na mama yule alijua kazi, usimwone hivi! Mistari miwili tu, unalia.

Aliwahi kumuuliza Harun kwa nini anawaomba radhi watu ambao hajawakosea.

"Siombi radhi, madam. Pole ni ya mtu aliyefikwa na jambo usilolifanya wewe. Ukilifanya wewe, unasema samahani."

Agneta akalipenda neno. Akawa anamgawia pole kila mtu, hata mpishi aliyekuwa akicheka.

Basi Harun akamwamini, akamsimulia habari za Kiprop, kibarua wa ujenzi, mwenzake wa chumba kule Industrial Area kwenye mabweni ya wafanyakazi. Kiprop alianguka kutoka ghorofani akafa, kamba ya usalama ilikuwa imeliwa na jua. Kampuni ikamwambia mama yake kwamba mwanawe alikufa kwa moyo, usingizini, na mama anaamini hivyo mpaka leo.

"Andika ilivyokuwa, madam. Mama yake ajue."

Agneta akaandika ilivyokuwa, akamsomea. Harun alilia palepale mapokezi na wala hakuona haya.

Kisha wenye pesa za filamu wakafanya mkutano juu. Jioni hiyo lifti ikafunguka, akatoka Kiprop, helmeti kichwani, saruji kwenye viatu.

"Wee! Kiprop! Umekatwa?"

"Kabisa. Sasa nitalala wapi?"

"Kitanda chako bado kipo."

Harun alimkumbatia kwa furaha ya kweli. Alipomwachia ndipo hasira ilipompanda, kwa sababu alielewa kwamba sasa mama wa watu hataambiwa na mtu.

Agneta alishuka kwa lifti iliyofuata. Filamu ilikuwa imekubaliwa, na bado nyingine mbili zilikuwa zinamngoja.

"Pole, Harun," alisema, kwa matamshi safi kabisa.

"Hapana, madam. Hapa unasema samahani."

Agneta akafungua mdomo. Simu yake ikalia, akapokea, akatoka nje akiongea Kiswidi.

Asubuhi Kiprop alipanda basi la kampuni pamoja na wenzake. Msimamizi alimgombeza kwa kupotea siku zote hizo, akampa kamba yake ileile.