Kiti cha Mlangoni

Wajukuu zangu mapacha walianza kujifunza ushonaji siku moja, kwa fundi mmoja. Leo mmoja wao, tunayemwita Shoto, ana duka kubwa lenye vioo, na watu wanatoka mbali kumfuata. Pacha wake anashonea chumbani kwake, wateja wa kuokoteza. Wiki iliyopita akaniambia ameamua kuuza cherehani, mnunuzi anakuja Jumamosi, kwa sababu kipaji chote amezaliwa nacho mwenzake.

Sikupata raha, maana naujua mkono wake. Ukiligeuza vazi aliloshona, upande wa ndani unashindana na wa nje kwa usafi. Nikajitegea mwenyewe: wametoka tumbo moja, wamefunzwa na mtu mmoja, mmoja kapaa, mwingine kabaki chini, kimewatenga nini? Kitendawili kisicho na jibu huninyima usingizi, basi nikaenda kwa fundi wao wa zamani.

Fundi alicheka mpaka akavua miwani. Akanieleza kuwa wanafunzi wake walibanana kwenye benchi moja, na Shoto, kwa kukatia mkono wa kushoto, alikuwa akimpiga jirani kiwiko kila mara. Malalamiko yalipozidi akamhamishia kiti cha mlangoni, peke yake, kama adhabu. Kumbe kila mteja aliyeingia alianza na yeye. Akazoea kupima watu, kubembeleza wenye hasira. Na siku zipu ilipompasukia mwimbaji mmoja maarufu pale barabarani, aliyekuwa karibu ni nani? Shoto akalirekebisha gauni papo hapo, likaonekana jukwaani, na watu wakaanza kumuulizia aliyelirekebisha.

"Na mwenzake?" nikauliza.

"Yule nilimweka nyuma kabisa, bibi. Alikuwa mtulivu, hasumbui mtu."

Jumamosi asubuhi nikamsimulia mjukuu wangu yote. Alizungusha uzi kidoleni.

"Kwa hiyo bibi, kipaji ninacho au sina?"

"Sijui, mke mwenzangu. Hujawahi kukaa mlangoni."

Mnunuzi alipofika, mjukuu wangu alimwomba radhi kwamba cherehani haiuzwi tena, ila kama hatajali, amshikie upande mmoja waitoe nje, barazani. Yule bwana alinung'unika, lakini alishika.

Mpita njia wa kwanza aliuliza choo kiko wapi. Wa pili alisimama akitazama sindano inavyokwenda, kisha akataka kujua kama mikono ya koti lake inaweza kupunguzwa. Mjukuu wangu aliinamisha kichwa. Nilijibana nisimjibie.

"Livue," akasema taratibu, "nilione."