Tume ya Daftari la Bluu

Ijulikane kwa wote, kuanzia bwenini hadi zizi la ng'ombe wa shule, kwamba Tume Huru ya Uchunguzi imeundwa na haitamwogopa mtu. Mwenyekiti ni mimi, Kanini. Mjumbe mwingine alikuwa Sabrin, lakini alijiuzulu akafue soksi.

Kesi yenyewe ni daftari la bluu lililookotwa nyuma ya tangi la maji. Halina jina, na limeandikwa kwa herufi kubwa tupu ili mwandiko usijulikane. Mwandishi, msichana kama sisi, anasema sketi na jina lake vinamkaa kama nguo za kuazima. Madam Ndeti, naibu mwalimu mkuu, aliyelifungia ofisini mwake, alisema mwenye daftari asipopatikana kufikia Ijumaa, atamtuma nyumbani yule anayemshuku.

Shule nzima ilimshuku Ndinda. Ni golikipa, hunyoa kipara, na hupiga mluzi akioga. Mimi kama mwenyekiti nilimkodolea macho kuliko wote, nikaripoti hata anavyokaa. Babake Ndinda, mzee wa kanisa kule Matinyani, alikuwa ameapa kwamba akitumwa nyumbani tena, masomo yamekwisha.

Alhamisi Madam Ndeti alikuja darasani na daftari, akasoma ukurasa wa kwanza:

"Susu, nyanya yangu wa Matiliku, hakuzaa, kwa hivyo alitoa mahari akaoa mke, kama desturi yetu Wakamba inavyoruhusu. Mke huyo ndiye aliyemzaa mama yangu. Siku ya mahari susu aliketi kwenye kiti cha wanaume. Hakuna aliyemwombea pepo limtoke."

Hakuna aliyecheka. Wengi wetu tuna nyanya wa namna hiyo.

"Ndinda," Madam akasema, "hicho kiti kikoje?"

"Sijui, madam. Cha plastiki?"

Hapo darasa likaangua kicheko, na mimi nikacheka kuwashinda wote. "Plastiki gani? Kina miguu mitatu, na kimepambwa kwa waya wa shaba."

Madam Ndeti akafunua ukurasa wa pili, akausoma kimya, kisha akaninyooshea kidole.

"Kanini. Kiti kiko huku, na huku sijafika kuwasomea."

Ndinda akageuka polepole. "Mwenyekiti," akasema, "tunangoja ripoti."

Nikasimama. Nilitafuta mzaha, nikaukosa.

"Ni langu, madam. Ndinda msimtume popote. Mimi hutania kila kitu, lakini hayo sikutania. Mke sitaki. Nataka tu kukikalia kile kiti bila mtu kuniambia niinuke."