Mtani Awasha Katuni Msibani

Mwamvita aliingia msibani Isevya kichwa juu, utadhani mwenye nyumba. Na kwa nini asiingie hivyo? Yeye Mzaramo, marehemu Adriano Mnyamwezi, na utani wao ni wa tangu enzi za wapagazi wa misafara ya pwani. Msiba wa Mnyamwezi bila mtani ni msiba gani huo?

Ila jambo moja lilimkera. Agnetha, mjane, tangu mazishi hakuwa amelia wala kutia kitu mdomoni. Amekaa mkekani, macho makavu, anazidi kuisha tu. Wamembembeleza kwa uji, kwa wali, wapi!

"Shangazi, mama atamfuata baba," binti yake Levina alinong'ona.

"Thubutu! Mbele yangu mimi?"

Akaiendea televisheni iliyofunikwa kanga, akaifunua, akaweka ile katuni ya zamani ya paka na panya. Loo! Leodgar, kaka wa marehemu, akaja juu: "We mama una wazimu? Katuni msibani?"

"Mtani hakasirikiwi, Leodgar. Kaa chini."

Leodgar akakaa. Angefanya nini?

Jamani, Adriano na katuni ile! Katekista mzima, parokia nzima inamwogopa, lakini kila jioni humkosi mbele ya kioo cha televisheni na wajukuu. Paka hasemi neno, anabamizwa na mlango, anabonyea kama chapati, anainuka, anaanza tena. Adriano alikijua kila kipigo kabla hakijafika, na ndiyo raha yenyewe: alianza kucheka mapema. Agnetha angefoka, "Mzee mzima huna aibu!" huku naye anachungulia kutoka jikoni.

Sasa paka akanyata. Kumuiga marehemu ndiyo kazi ya mtani, basi Mwamvita akajipiga paja na kutoa ile sauti nzito ya kanisani: "Mama Levina, njoo, njoo, linakuja!"

Sufuria likamshukia paka kichwani, kwaa!

Mabega ya Agnetha yakatikisika. Kicheko kikamtoka, kikubwa, cha aibu, kisha kikageuka kilio, kilio hasa: "Baba Levina! Baba Levina weee!" Wanawake wote wakaangua naye. Mwamvita akamkumbatia, naye akalia, maana alimpenda yule mzee, asikwambie mtu.

Walipotulia, Agnetha akajipangusa kwa ncha ya kanga.

"Nileteeni ugali," alisema, sauti imemkauka. "Na huyu Mzaramo mpeni ukoko, kelele zake zimezidi."