Tiketi ya Saa Nne na Nusu

Fundi aliweka vigae vya watu kwa miaka thelathini na nane, na katika miaka yote hiyo hakuwahi kuingia mahali kwa tiketi. Aliingia kwa mlango wa nyuma, ndoo mkono huu, mfuko wa vifaa mkono ule, na akishamaliza aliambiwa apite huko huko asichafue sakafu aliyoiweka mwenyewe.

Miaka miwili iliyopita aliteleza kwenye ngazi akaumia nyonga. Alipotoka hospitali, dada yake mkubwa alimchukua akae kwake. Dada huyu alikuwa mlezi wa bweni la wasichana kabla ya kustaafu, na ingawa wasichana wenyewe walishakuwa na wajukuu, yeye hakuwa ameacha kulea. Fundi hakuruhusiwa kuinua ndoo. Hakuruhusiwa kuinama. Akionekana anatazama sana kigae kilicholegea jikoni, anaitwa aje kunywa dawa. Alikuwa amechoka kupumzika, lakini hilo unamwambiaje mtu anayekukanda nyonga kila jioni?

Basi mtoto wa dada, anayeishi ng'ambo, akawanunulia tiketi mbili za kwenda kuona ile bustani ya majengo. Bustani hiyo ina jina. Watu wanapanda ndege kuja kuipiga picha, na tiketi zake zinakwisha wiki nyingi kabla. Wao walikaa mwendo wa saa mbili tu kwa basi na hawakuwahi kuiona hata kwa nje. Kijana alituma tiketi kwenye simu, dada akaenda kuzichapisha kwenye karatasi, akaziweka ndani ya Biblia zisikunjike.

"Ni saa nne na nusu, mama," kijana alisisitiza. "Ukichelewa robo saa, tiketi imekufa."

Kwa hiyo saa nne kasorobo asubuhi walikuwa getini, wamevaa nguo za maana. Binti wa getini akaichukua karatasi, akaielekeza kwenye mashine yake. Mashine ikalia kama mbuzi aliyekanyagwa, ikawaka nyekundu.

"Mmewahi, mama."

"Kuwahi nako ni kosa?"

"Mmewahi sana. Hii ni ya saa kumi na nusu, jioni." Akawaonyesha kwa ukucha: 16:30.

Dada hakubishana na binti. Alipiga simu ng'ambo, akaweka sauti kubwa ili kila mtu asikie mwanawe anavyojieleza.

"Si nilikwambia, mama? Nne na nusu, jioni."

"Jioni ya wapi hiyo yenye saa nne? Saa nne ni asubuhi, na kama si asubuhi ni usiku watu wamelala!"

"Aah... mama, nisamehe. Miaka kumi na miwili niko huku. Kwenye kompyuta niliona nne, nikasema nne."

Fundi alijaribu kuzigeuza zile saa kichwani, za huku na za kule, akapotea njiani. Alichoelewa ni kwamba walikuwa na tiketi halali ya kuingia mahali ambapo hawawezi kuingia.

Binti akawaelekeza dirisha la kubadilishia muda, upande wa pili wa bustani, ambako foleni ilikuwa imezunguka kona. Dada akampeleka mdogo wake kwenye jiwe moja la kukalia, kando ya ukuta.

"Kaa hapa. Usisogee hata hatua moja."

Fundi akakaa. Ila ukuta alioketi ubavuni mwake haukuwa ukuta wa kumwachia fundi wa vigae peke yake. Ulikwenda ukijinyonganyonga, ukivimba na kubonyea, na wote ulifunikwa kwa vigae vilivyovunjwa. Vigae vizima, vizuri, mtu alivichukua akavivunja makusudi, akavibandika upya, kijani kando ya njano, kipande cha sahani kando ya kipande cha beseni. Yeye aliwahi kufukuzwa kazi kwa kupasua kigae kimoja cha kuagizwa. Akageuza shingo huku na huku kutafuta mstari ulionyooka, hata mmoja, ashike pa kuanzia kuelewa. Hakuna.

Akafanya kile ambacho mkono wake umekifanya maisha yote. Akagonga kwa kifundo cha kidole. Ko. Ko. Ko. Bwe.

"Umesikia, eeh?" Mwanamume mwenye kofia ngumu alikuwa amechomoza kwenye mlango mdogo wa chuma ukutani.

"Hiki kimeachia," Fundi alisema.

"Na jirani yake?"

Fundi akagonga. "Naye yuko njiani."

"Ndiyo maana wakasema wanatuletea mtu mzima. Mzee, tumekungoja tangu saa mbili!"

"Mimi niliambiwa saa nne na nusu."

"Ndivyo walivyo ofisini. Wanapanga wao, tunaumia sisi. Haya, pita."

"Tiketi anayo dada yangu. Yuko kwenye foleni."

"Karatasi tutamalizana baadaye. Dada naye ni fundi?"

Fundi akafikiri. "Dada anajua kila kitu."

"Basi nitaacha maagizo mlangoni, akija apite."

Fundi alisimama. Alikuwa ameambiwa asisogee, ni kweli. Lakini pia aliambiwa kwamba ukichelewa tiketi imekufa, na huyu bwana alishasema wamechelewa. Akapita.

Ndani akapewa kofia ngumu na kizibao cha njano. Akadhani kila mgeni anavaa, mpaka alipoona wageni wengine, ng'ambo ya kamba, wana kofia za jua na kamera. Hao hawakupewa chochote. Wawili wakampiga picha. Moyo ukamwambia kwamba mpwa wake amenunua tiketi za daraja la juu sana, zile ambazo mtu anaonyeshwa vitu kwa ndani, na akaona haya kuuliza asije akaonekana mshamba.

Kisha akapewa mwiko.

Aliushika mwiko ule akiutazama. Msimamizi alikuwa akimwonyesha picha ya ukuta ulivyokuwa zamani, na sehemu ya urefu wa mikono mitatu hivi iliyobanduliwa ikabaki saruji tupu. Pembeni kulikuwa na sanduku la vipande, ndoo ya udongo wa kubandikia, sifongo, na fundi mwingine, mnene, aliyekuwa akifanya kazi huku akitafuna kitu.

"Uanzie hapo chini," msimamizi akasema, akaondoka akizungumza na simu.

"Hapa kila anayekuja anafanya hivi?" Fundi alimuuliza yule mnene.

"Anayetaka kurudi, ndiyo."

Jibu hilo halikumsaidia. Akapiga magoti, polepole, nyonga ikalalamika kidogo kisha ikanyamaza. Akachota udongo, akapaka. Akachagua kipande, kingine, kingine. Alipoinua macho, yule mnene alikuwa ameacha kutafuna.

"Mzee, umenyoosha."

Kweli. Vipande sita vya rangi sita vilikuwa vimepangwa sawasawa, mianya yote sawa, kana kwamba ni bafu la mtu.

"Si ndiyo kazi?"

"Hapa siyo. Mwenye kuijenga bustani hakutaka mstari. Bandua."

Akabandua. Akajaribu kuvipanga ovyo, vikatoka ovyo kweli, kama vimemwagika. Mnene akatikisa kichwa. Akajaribu kuiga upande wa kushoto. Ikawa kama mtoto anayeiga mwandiko wa mwalimu. Jasho likamtoka chini ya kofia. Miaka thelathini na nane aliishi kwa kunyoosha, na sasa amekatiwa tiketi kuja kuambiwa apinde, na kupinda kwenyewe hakuwezi.

Akaacha. Akaweka kiganja kwenye ukuta wa zamani, sehemu iliyokuwa bado imara, akafumba macho ili vurugu za rangi zisimsumbue. Akapapasa. Kiganja kikateleza kutoka bonde hadi kilima bila kukwaruzwa hata mara moja. Ncha zote kali zilikuwa zimelazwa ndani. Mtu angeegemea pale na shati jepesi mchana kutwa asichomwe. Huyo mwenye kuijenga aliyavuruga macho ya watu, lakini migongo yao hakuifanyia mchezo.

"Kumbe," Fundi alisema.

Kuanzia hapo akafanya kazi kwa kiganja. Anaweka kipande, anapapasa, anakizungusha mpaka ncha inyamaze, anaweka kingine. Hakutazama rangi. Mnene akarudia kutafuna kwake. Muda ukapita, Fundi asijue ni saa nne ya nani wala saa kumi ya nani.

"We!"

Dada alikuwa amesimama juu yake, kofia ngumu imekaa upande juu ya kilemba, kizibao cha njano juu ya gauni lake la kutokea. "Nilikwambia usisogee!"

"Dada, ziara imeanza."

"Ziara gani ya kupiga magoti kwenye udongo? Na mimi kwa nini wamenivika hivi? Nimesema natafuta mdogo wangu, fundi wa vigae, wakasema tumeagizwa, pita!"

"Hata mimi sijaelewa, dada."

Kabla hajamaliza, msimamizi alirudi akiwa na mtu mwingine. Huyo alikuwa na mfuko wa vifaa begani na barua mkononi, na alikuwa akiomba radhi kwa kuchelewa, basi lake liliharibika. Msimamizi akasoma barua. Akamtazama mwenye barua. Akamtazama Fundi.

"Sasa wewe, mzee, ni nani?"

"Mimi ni wa saa nne na nusu," Fundi akasema kwa sauti ndogo.

Dada akafungua Biblia, akatoa karatasi, akampa. Msimamizi akaisoma mara mbili. "Hii ni tiketi ya wageni."

"Ndiyo."

"Ya jioni."

"Ndiyo, hilo nalo tumeambiwa."

Mnene alicheka mpaka akakohoa. Fundi hakucheka. Masikio yalimwaka moto. Alikuwa ameugusa ukuta ambao watu wanavuka bahari kuutazama, bila kibali, mbele ya kamera. Akavua kofia, akaanza kufungua kizibao, vidole vyenye udongo vikikwama. "Nitabandua vyote sasa hivi," akasema. "Havijashika bado. Dakika kumi tu."

Yule fundi wa barua alikuwa amekwisha kuchuchumaa. Akapitisha kiganja chake kwenye kazi ile, chini kwenda juu, halafu akarudia. "Usibandue," akasema. "Mimi naanzia ulipoishia."

Dada alikuwa akitazama mikono ya mdogo wake, iliyojaa udongo mpaka kwenye viwiko.

"Nyonga je?" akauliza.

"Nyonga gani?"

Ikamtoka hivyo, bila kufikiri. Kisha akakumbuka, akaigusa, kama mtu anayehakikisha funguo zimo mfukoni.

Msimamizi akawasindikiza mpaka kwenye mlango wa chuma, maana sheria ni sheria, na walipaswa kutoka wakaingie na wenzao. Mlangoni akajikuna kichwa. "Mzee, sehemu hiyo ni ya wiki tatu, na watu hawatoshi. Kama utapenda, kesho saa mbili asubuhi."

"Ni mgonjwa," dada akajibu.

Akamshika mdogo wake mkono, wakatoka.

Dirisha la kubadilishia muda lilikuwa limefungwa kwa chakula cha mchana, kwa hiyo walikaa nje, wakala mkate na mayai, wakasinzia, wakangoja. Saa kumi na nusu mashine ilikubali, wakaingia kama watu. Waliona nyumba isiyo na pembe. Dada aliizunguka mara mbili kwa ndani akiuliza kabati linawekwa wapi, na kitanda, na mtu akitaka kuegemeza ufagio anaegemeza wapi. Waliona nguzo zilizoinama kama watu wanaosukuma gari bovu, na ngazi nzuri ya mawe iliyopanda, ikapanda, ikaishia hewani. Dada alisimama chini ya ngazi ile muda mrefu.

"Inakwenda wapi?"

"Haiendi popote."

"Na aliyeijenga alijua?"

"Nadhani alijua."

Dada akashusha pumzi. "Mimi humu sijaelewa kitu hata kimoja. Wewe umeelewa?"

"Kidogo. Kama mikono mitatu hivi."

"Basi rudi kesho uelewe na hiyo iliyobaki," akasema, akageuka kutafuta njia ya kutokea.

Fundi alibaki pale chini ya ngazi. Hakujua kama amepewa ruhusa au ametukanwa, kwa sababu sauti ya dada kwa mambo hayo mawili ni ile ile moja. Akamwona akishika njia isiyo yake, akamwita, hakusikia, ikabidi amfuate.

Kesho yake, saa kumi na mbili asubuhi, alikuta maji ya moto yamewekwa mezani na dada amekwisha kuvaa. Alisema anakwenda naye, amwangalie. Siku ya nne nyonga iliuma kweli, Fundi akalala siku mbili. Siku ya saba akarudi kazini.