Mbuzi Hawahesabiwi

Mimi hasira zangu ziko karibu, lakini siku hiyo nilijikasirikia mwenyewe.

Miaka mitatu iliyopita nilipima akili za watoto wa wafugaji wa Tseikuru. Niliwaonyesha picha ya kundi la mbuzi nikauliza wako wangapi. Wengi walinyamaza. Nikaandika kwamba kuhesabu kumewashinda, makala ikachapishwa, na sasa chuo kilikuwa karibu kunifanya profesa.

Niliporudi huko nilimkuta Syombua, msichana wa miaka kumi, mmoja wa wale walionyamaza, ameketi na watoto wadogo wa nasari. Mwalimu mkuu, Munyao, alishangaa nilipouliza kwa nini.

"Si wewe ndiye ulisema kuhesabu kumemshinda, Daktari?"

Jioni nikaenda kwao. Mbuzi walikuwa wakiingia bomani, Syombua amesimama mlangoni kimya. Mbuzi wa mwisho alipopita, Syombua alimwambia baba yake, "Yule mweusi wa sikio lililokatwa hayuko. Na mtoto wake." Baba akachukua fimbo akaenda kuwatafuta.

"Mbona hakuwahesabu?" nikamuuliza mama yake, Katunge.

"Kwani wewe si Mkamba? Mbuzi hawahesabiwi, wataisha. Hata wa picha. Mtoto wangu alikuheshimu akanyamaza, wewe ukamwita mjinga."

Aki niliona aibu. Kwetu Kalamba ni watu wa mahindi na kanisa, mambo ya mifugo sikuyajua, na sikuuliza mtu. Nikampigia simu mkuu wa idara yetu, Profesa Mbithi, nikamwambia naiondoa ile makala.

"Nduku, jopo linakaa wiki ijayo. Bila hiyo hupandi. Si ungoje kidogo tu?"

"Syombua amengoja miaka mitatu," nikasema. "Iondolewe leo."

Uprofesa niliutamani tangu nikiwa msichana. Nililia kidogo, halafu nikaosha uso.

Asubuhi Katunge alinisindikiza shuleni. Munyao hakubisha nilipomweleza, ila alitaka kumhamisha mtoto darasa polepole, watu wasiongee.

"Alichekwa mbele ya watu," Katunge akasema. "Daktari aseme mbele ya watu."

Basi nikasimama kwenye paredi ya asubuhi, shule nzima ikiniangalia, nikasema kwa Kikamba ili hata wadogo wasikie: Syombua hakuanguka mtihani. Niliyeanguka ni mimi. Yeye anajua kazi yake kuliko nilivyojua yangu.

Hakuna aliyepiga makofi. Syombua aliokota mkoba wake, akatoka kwenye mstari wa nasari, akaenda kusimama na wa rika lake. Hakuniangalia hata mara moja, na hiyo ilikuwa haki yake.