Asante, Nimeshiba

Jumatatu jioni Mama Loveness aliweka jiko la mkaa kwenye kibaraza cha nyumba yake, Temeke, akabandika sufuria pana, akaifunika, akapanga makaa mengine juu ya mfuniko kama mtu anayeoka keki, kisha akakaa kwenye kigoda kungoja chakula cha Kichina kiive.

Maelekezo alitumiwa kwa sauti, kwenye simu, na bintiye Loveness anayeishi Kawe na kufanya kazi ofisini. Kaanga nyama ya kusaga na kitunguu, tangawizi na kitunguu saumu mpaka ikauke maji. Tia karoti, hoho na kabichi. Mwagia sosi ya soya. Changanya na tambi zilizochemshwa, piga mayai mawili umwagie juu, oka. "Ni rahisi mama," alisema Loveness. "Ndiyo chakula cha siku za kazi, cha mtu aliyerudi nyumbani amechoka." Mama Loveness hakuwa na kazi ya kumtoa nyumbani, na oveni hakuwa nayo, ila kuchoka alichoka, maana mtu anayeuangalia mtaa mzima kutoka kwenye kigoda tangu asubuhi hawezi kusema amepumzika.

Jina lake la ubatizo ni Flaviana. Marehemu mumewe, Albano, alimwachia nyumba ya vyumba vitatu, rozari ya mpingo na kigoda hicho. Rozari aliitumia asubuhi na jioni. Kigoda alikitumia muda uliobaki.

Chakula kilipoiva alisali, akasogeza sufuria karibu, akapakua. Hakuwa amefikisha kijiko mdomoni alipopita Didas, karani mmoja mwenye asili ya Moshi na tumbo lake mbele yake.

"Shikamoo mama."

"Marahaba baba. Karibu, tunakula."

"Asante mama, nimeshiba."

Pembeni mwa sufuria tambi zilipungua upana wa kidole, zikakatika sawasawa kama zimepitiwa na kisu. Didas alisimama, akajipapasa tumbo, akacheua kidogo.

"Samahani mama," alisema, akaenda zake.

Mama Loveness aliangalia kama kuna paka. Hakukuwa na paka.

Baada yake alipita Mzee Mwishehe, mlinzi, akielekea lindoni na kirungu chake. Akakaribishwa. "Aa, nimeshiba mama, natoka kula sasa hivi," alisema, na robo nzima ya sufuria ikaondoka, yai na yote. Mzee alilegeza mkanda tundu moja, akaendelea na safari kwa mwendo mzito. Kwa jinsi robo ile ilivyokuwa kubwa, Mzee Mwishehe hakuwa ametoka kula sasa hivi, na jana yake alipokaribishwa akajibu maneno hayohayo, hakuwa ametoka kula sasa hivi vilevile.

Wa mwisho alikuwa Mauwa, jirani wa ukuta mmoja, anatoka bombani na ndoo kichwani na watoto wake wawili nyuma.

"Karibu mwanangu, karibuni na watoto."

"Asante mama. Tumeshiba sote."

Sufuria ilibaki na ukoko. Mtoto mdogo wa Mauwa alipiga miayo, akashika kanga ya mama yake, akaanza kusinzia kwa shibe huku anatembea. Mama Loveness alikwangua ukoko akala. Ulikuwa mtamu. Alipomaliza alimpigia simu Loveness.

"Hicho chakula chako kinapungua."

"Nyama ya kusaga ndivyo ilivyo, mama, ikiiva inasinyaa. Ongeza tambi."

Lazima isemwe hapa kwamba Mama Loveness alikuwa mtu wa adabu. Alikulia upande wa Masasi, kwa mama aliyemfundisha kwamba anayekula bila kusema karibu anakula na shetani. Pale mtaani, sahani ya jirani hairudishwi tupu, ila neno karibu hutoka tupu na kurudi tupu, na hakuna anayelalamika. Yeye alikuwa amewakaribisha watu wote wa mtaa ule kwa miaka, na sufuria yake haikuwahi kupungua hata kijiko. Hilo alilihesabu kuwa ni baraka.

Tena alikuwa na cheo. Katika jumuiya yao ya kanisani yeye ndiye mjumbe wa matendo ya huruma wa mtaa wake. Kila Majilio, kabla ya Noeli, jumuiya hununua kiroba cha sembe na dumu la mafuta, na wajumbe wa kila mtaa husimama na kutaja nyumba yenye shida, iwe ya Mkristo au ya Mwislamu. Mama Loveness husimama kila mwaka, akajifunga kanga vizuri, akasema kwao hakuna mwenye njaa. Amewakaribisha wote, na wote wamesema wameshiba. Katekista Sebastian humsifu kwa kuwajua watu wake.

Na kweli aliwajua. Alikuwa ameona jiko la vitumbua la Mauwa limepinduliwa ukutani tangu mvua za vuli zianze. Alikuwa ameona kwamba Nurdin, mume wa Mauwa, mchonga vinyago, amekwenda Mtwara kutafuta kazi na hajarudi. Aliona moshi wa jirani siku ulipotoka na siku ambazo haukutoka. Aliyaona yote hayo, akayaweka kando, kila moja mahali pake, kama vyombo vya wageni kabatini.

Jumanne alipikia ndani, akafunga mlango na dirisha. Joto lilikuwa la kuivisha mtu kabla ya tambi. Lakini tangawizi haifungiwi mlango, na Mzee Mwishehe aliponusa alisimama nje.

"Mama Loveness, leo umejifungia?"

"Nipo mzee, karibu," alisema kabla hajauma ulimi.

"Aa, nimeshiba."

Robo ikaenda. Mauwa alipopita, Mama Loveness alilinong'ona neno karibu chinichini, apate kutimiza wajibu kwa Mungu bila kumsumbua jirani. Mauwa alikuwa na masikio mazuri. Alishukuru kupitia dirishani, na Mama Loveness akala ukoko kwa mara ya pili, akitokwa na jasho.

Aliilaumu sosi. Vitu vinavyotoka mbali namna ile, huwezi kujua vimetiwa nini. Alifikiria kupika bila sosi, ila bila sosi kingekuwa ni nyama ya kusaga na tambi tu, na tayari alikuwa amemwambia Rosalia, mjumbe wa mtaa wa pili, kwamba siku hizi katikati ya wiki yeye hula Kichina.

Jumatano aliongeza tambi kama alivyoshauriwa. Nyama hakuongeza. Akarudi barazani, akakaa wima, akawakaribisha kwa sauti wote waliopita. Chakula kiliondoka kama kawaida, na safari hii alianza kuuona uzuri wake. Ilikuwa sadaka isiyo na vyombo vya kuosha. Mzee Mwishehe alikuwa amenenepa mashavu. Didas alilalamika kwa mkewe kwamba kila akifika nyumbani chakula hakipandi. Mama Loveness alijiona karibu kabisa na wale watakatifu waliolisha maskini kwa vikapu, isipokuwa wao walitaka kulisha.

Mauwa alipofika, ndoo kichwani, alimsimamisha.

"Nurdin amepiga simu?"

"Hapatikani mama. Huko mtandao shida."

"Na vitumbua?"

"Nimepumzika kidogo. Mgongo."

"Lakini mnakula?"

"Tunakula mama." Mauwa aliiweka ndoo chini. "Siku hizi tunashiba kabisa. Nikishapita hapa kwako jioni, watoto hawaulizi."

"Hawaulizi nini?"

"Hawaulizi tu, mama."

Mtoto mkubwa aliitazama sufuria.

"Basi karibuni," alisema Mama Loveness.

"Asante mama, tumeshiba."

Ikabaki ukoko.

Usingizi ulipochelewa kidogo, Mama Loveness alijiambia kesho atamtaja Mauwa jumuiyani. Kiroba kimoja cha sembe kingemvusha na watoto mpaka Noeli. Kisha akaona ugumu wake. Kumtaja mtu kwamba ana njaa ni kumvua nguo hadharani, na Mauwa mwenyewe amesema ameshiba. Wewe nani umkatalie tumbo lake? Pili, wangemuuliza amejuaje, na angelazimika kueleza habari za sufuria. Tatu, Rosalia angeuliza, kwa upole wake ule, mama, huyu si jirani yako wa ukuta mmoja? Ugumu wa tatu ndio uliokuwa mzito, lakini aliutanguliza ule wa kwanza, kwa kuwa ulifanana zaidi na huruma.

Alhamisi hakupika. Nyama ya kusaga ilikuwa imekwisha, na alitaka kwenda jumuiyani na tumbo jepesi, bila kula tangu asubuhi, apate kusali vizuri. Walikutana kwa Rosalia saa kumi na moja, chini ya turubai. Waliimba, wakasoma Injili, wakafika kwenye matendo ya huruma. Katekista Sebastian akamgeukia.

"Mama Loveness. Mtaa wenu vipi mwaka huu?"

Alisimama. Alijifunga kanga. Jina la Mauwa lilipanda mpaka kwenye meno, likakaa hapo kama uzi wa nyama. Rosalia alikuwa anamtazama.

"Kwetu wote wameshiba," alisema.

"Una hakika, mama?"

"Nimeona kwa macho yangu."

Hakuwa amesema uongo. Miaka yote aliyosema vile, huu ndio ulikuwa mwaka wa kwanza wa kusema kweli, na aliketi akiwa na amani ambayo hakuipenda sana. Rosalia akasimama, akataja nyumba moja ya mtaani kwake bila kuzunguka, mama mwenye watoto wanne, njaa, basi. Kiroba na dumu vikaenda huko. Watu walimpigia Mama Loveness makofi kwa kuwa na mtaa mzuri.

Alirudi kwa miguu, magharibi imeshaadhiniwa. Njaa ilikuwa inamwuma kweli, njaa ya kutwa nzima. Aliwaza nyumbani kuna mkate mkavu na chai. Alikuwa anautafuta ufunguo kwenye fundo la kanga alipopita mlango wa Mauwa, uliokuwa wazi kwa sababu ya joto.

Mauwa na watoto walikuwa wameketi mkekani kuzunguka sahani moja. Jioni ile hawakuwa wamekaribishwa popote, kibaraza cha jirani kilikuwa kitupu, na watoto walikuwa wameuliza. Basi Mauwa alikung'uta mfuko wa unga mpaka pembe zake, akasonga. Ugali ulikuwa mdogo, mweupe, umelainishwa kwa kijiko ukapendeza, na pembeni mchicha wa chumvi. Walikuwa ndio kwanza wananawa.

Mauwa aliinua macho. Na yeye alikuwa mtu wa adabu.

"Shikamoo mama. Karibu, tunakula."

"Marahaba mwanangu," alisema Mama Loveness. "Asante, nimeshiba."

Akashiba.

Aliusikia ugali ukishuka tumboni, wa moto bado, na mchicha juu yake, chumvi imekolea. Kumbe haikuwa sosi. Pale mkekani ugali ulikuwa umemegwa upande mmoja, tonge kubwa la mtu aliyeshinda bila kula, mpaka chini kwenye sahani, na alama za vidole zilionekana. Zilikuwa za mkono wa mtu mzima.

Mauwa aliitazama sahani. Mtoto mkubwa naye aliitazama. Kisha Mauwa akageuza upande uliobaki ukawaelekea watoto, akaurudisha mkono wake mwenyewe mapajani.

"Kuleni," aliwaambia.

Mama Loveness aliupata ufunguo kwenye fundo. Alikuwa na jambo la kusema, ila lilikuwa refu, na si adabu kuwatazama watu wakila.

"Basi mwanangu, usiku mwema."

"Na wewe mama. Asante kwa kupita."

Alifungua mlango wake, akawasha taa. Mkate aliuacha mfukoni. Hapakuwa tena na nafasi. Akaketi kwenye kigoda cha Albano, akajifuta mdomo kwa upindo wa kanga na, kwa kuwa alikuwa mtu wa sala na alikuwa amekula, akasali sala ya baada ya chakula.