Mlango wa Kuvuta

Siku Shubiri alipoingia kurekodi wimbo wa mwisho wa albamu yake ya kwanza, prodyuza alianza kwa kuzima feni, kwa sababu maiki ilikuwa inaisikia feni kuliko inavyomsikia mtu. Studio yenyewe ilikuwa chumba cha nyuma cha duka la kutengeneza simu. Kibanda cha kurekodia kilikuwa kabati la nguo lililotolewa rafu na kupigiliwa mablanketi kwa ndani. Msanii alisimama humo, mlango ukafungwa, na jasho likawa shauri lake mwenyewe.

Shubiri si jina alilopewa na mama yake. Alipewa na dada yake, kwa sababu ya ulimi. Dada ndiye aliyekuwa wa kwanza kusikia kila ubeti, huku akikunja nguo zilizokauka, na ndiye aliyemwonyesha mahali pa kupumua. Alifanya kazi kwenye kiwanda cha magodoro, upande wa kukata sponji, na mwaka uliotangulia kiwanda hicho kiliwaka moto mchana kweupe. Mlango ulikuwa umetiwa kufuli kwa nje, ili wafanyakazi wasitoke na vipande vya sponji. Waliokufa walikutwa wamelundikana nyuma ya mlango, na dada alikuwa mbele kabisa. Mama alimwosha kwa mikono yake, akakuta hana kucha.

Tume ikaundwa. Ikanywa chai, ikarudi na jibu. Kufuli haikuwepo. Mlango ulikuwa wa kuvuta, na wafanyakazi, kwa kuchanganyikiwa, waliusukuma. Hayo yalisomwa mbele ya wazazi waliofiwa, na aliyesoma aliweka miwani yake vizuri kwanza. Watu wazima wanaopita mlango mmoja kila siku ya kazi, eti wamesahau unafungukaje. Kuna uongo wa kukudanganya na kuna uongo wa kukutemea mate usoni. Huu ulikuwa wa mate.

Shubiri alitaka jambo moja tu, meneja wa kiwanda aulizwe hadharani ufunguo ulikuwa kwenye mfuko wa nani. Kwa kuwa hakuna aliyemuuliza, alimuuliza yeye mwenyewe, kwa vina:

*Mmesema ule mlango ni wa kuvuta,*
*dada alisukuma, ndiyo maana moshi ukamkuta.*
*Basi ile kufuli nani aliipaka mafuta,*
*na ufunguo ulilala mfuko gani wakati mnautafuta?*

Prodyuza alikuwa na mazoea ya kuwarekodi chipukizi mstari kwa mstari, halafu anaunga mwenyewe. Katikati ya ubeti wa pili Shubiri alishikwa na kiu. Akavua hedifoni, akataka kutoka anywe maji. Mlango wa kabati haukufunguka. Alisukuma, prodyuza akavuta kwa nje, wapi. Prodyuza akaleta bisibisi akafungua bawaba zote, akaziweka mezani. Mlango ukabaki pale pale bila kushikwa na kitu.

"Vaa hedifoni," alimwambia kupitia maiki yake. "Nadhani mlango unasubiri umalize."

Shubiri akamaliza, kwa mkupuo mmoja, akilia na bila kukosea. Alipotamka neno la mwisho mlango uliangukia mguu wa prodyuza. Alikaa chini akiusugua, kisha akarudisha wimbo mwanzo wausikilize, na hapo mlango wa chumba nao ukajifunga. Mteja aliyekuja kuchukua simu yake aligonga, akaambiwa asubiri wimbo uishe.

"Niuondoe kwenye albamu?" prodyuza aliuliza.

"Uuache. Na albamu nzima iitwe jina la wimbo huu."

*Mlango wa Kuvuta* ikatoka, na ikapendwa. Nyimbo nyingine zilipigwa kama nyimbo. Ule wa mwisho ulipopigwa, milango ya mahali hapo ilijifunga, na madirisha pia, hadi ulipoisha. Watu walizoea upesi. Kwenye saluni wenye haraka waliuliza kwanza wimbo gani unafuata. Mshereheshaji mmoja aliupiga kabla ya hotuba za wakwe, wageni wasitoroke. Walimu waliujaribu kwenye vipindi vya mchana. Redioni mtangazaji alisifu midundo, akasema binti ana mtiririko, akauliza mafundi wa milango wana maoni gani, na mafundi wakapiga simu kutoa maoni. Kuhusu ufunguo hakuna aliyepiga simu. Mwenyekiti wa tume mwenyewe alifungiwa na wimbo huo kwa kinyozi, ndevu nusu. Alisoma gazeti mpaka ukaisha, akasema vijana wa siku hizi wana vipaji.

Shubiri aliyasikia haya yote na meno yalimuuma kwa kuyasaga. Alikuwa amewafungia watu ndani ili waonje, na wao walionja wakaomba waongezewe. Jukwaani walimshangilia pale pale palipomuuma zaidi. Walijua kila neno. Alipofika kwenye mstari wa mfuko, ukumbi mzima walipiga mifuko yao kwa viganja, wakicheka, kama mchezo.

"Wanakupenda," mama alimwambia.

"Sikuomba wanipende, mama."

Kiwanda kilikuwa kimejengwa upya kufikia wakati huo. Tume, pamoja na yote, ilikuwa imependekeza kufuli zipigwe marufuku viwandani, kufuli zile zile ambazo hazikuwepo. Siku moja mteja wa duka la simu alisema kiwandani wanausikiliza wimbo wa Shubiri kutwa nzima, tena kwa spika kubwa. Shubiri hakuelewa mara moja. Mama alielewa. Aliweka chini kisu cha kumenyea viazi, akafunga kitambaa kichwani, akasema twende.

Walifika mchana. Sauti ya Shubiri ilisikika tangu barabarani. Mlango wa ukumbi wa kukatia sponji ulikuwa mpya, mweupe, bila kufuli wala mahali pa kuitia. Wimbo ulikuwa unaisha na kuanza bila hata nafasi ya kumeza mate. Mama alishika mpini akavuta. Kisha akasukuma. Kisha akaegemeza paji la uso wake hapo.

Meneja alikuwa yule yule. Alitoka ofisini akiwa amevaa shati lililopigwa pasi vizuri, akampa mama shikamoo yake, akamgeukia Shubiri kwa furaha ya kweli.

"Binti, mimi ni shabiki wako. Hiyo nakala nimenunua dukani, si ya wizi."

"Ufunguo ulikuwa mfuko gani?" Shubiri aliuliza.

"Ufunguo gani tena? Hapa hatuna hata kufuli. Wakaguzi walikuja juzi, wakatafuta kila mahali, wakatupongeza." Akatabasamu. "Kufuli inaleta maneno. Huu ni muziki tu. Vijana wanafanya kazi kwa raha, na sponji haitoki."

"Uzime."

"Mpaka saa ya kutoka. Lakini wewe ni mgeni wetu, nitaagiza soda."

Shubiri alimwambia maneno ambayo hayamo kwenye albamu, yote, kwa mpangilio mzuri, na mama hakumzuia. Meneja alisikiliza hadi mwisho kama mtu anayesikiliza onyesho la bure, akarudi ofisini. Soda zililetwa. Mama alizimwaga chini, moja baada ya nyingine, na kurudisha chupa kwenye sinia.

Halafu umeme ukakatika. Sauti ilinyamaza katikati ya mstari, na mlango ukafunguka wenyewe, polepole. Wafanyakazi walitoka wakiwa na vumbi la sponji kwenye kope. Wengine walikimbilia chooni. Wengine walisimama tu juani midomo wazi, wakipumua. Waliomtambua Shubiri walikuja kumpa mkono.

"Dada, hongera kwa wimbo," alisema msichana mmoja aliyefunga nywele kwa utepe wa kupimia. "Tunaujua wote, hata nikilala unanipigia kichwani. Ila ungeuweka mfupi kidogo."

"Msirudi humo," Shubiri alisema. "Wote. Kaeni nje, atafanya nini?"

Walimtazama kwa upole, kama mtu aliyeuliza njia ya mahali pasipokuwepo. Nyuma ya jengo mtu alikuwa anavuta kamba ya jenereta. Jenereta lilikohoa, likakataa, likakohoa tena. Waliokuwa chooni walitoka wakifunga mikanda huku wanakimbia, kwa sababu anayekutwa nje wimbo unapoanza siku yake haihesabiwi. Mama alimkamata mkono yule msichana wa utepe. Alikuwa rika la dada. Alimkamata kwa mikono miwili.

Msichana alianza kuvitoa vidole vya mama kimoja kimoja, kwa heshima, asimuumize.

"Niachie, mama yangu," alisema. "Limewaka hilo jenereta."

Akaingia mbio, wa mwisho, na mlango ukajifunga nyuma yake kwenye neno la kwanza la wimbo.